Hesabu ya Siku katika Nchi ya Kubuni: Kalenda ya Shire na Lugha Yake

Mtungaji abuniye nchi isiyokuwapo duniani huwa na kazi nyingi mbele yake. Milima na mito aweza kuichora kwa siku moja. Wafalme na vita vyao aweza kuvipanga kwa mwezi. Lakini mara tu msafiri wake atokapo nyumbani akalala njiani usiku wa kwanza, huzuka swali ambalo ramani haiwezi kulijibu: leo ni siku gani? Kama nchi ile haikupata kujua Roma, haiwezi kuwa na mwezi uitwao kwa jina la Kaisari Augusto. Kama haikupata kuwa na msikiti, haiwezi kuwa na Ijumaa. Kila jina la siku na la mwezi ni ushahidi wa historia fulani, na nchi isiyo na historia hiyo haina haki ya jina hilo.

Jambo hili laweza kudhaniwa kuwa ni mchezo tu, lakini kwa mwanafunzi wa lugha lina uzito wake. Kalenda, ambayo Kiswahili cha zamani kiliiita takwimu kabla neno hilo halijahamia kwenye maana yake ya sasa, ina sehemu mbili: hesabu na majina. Hesabu hutoka kwenye jua na mwezi, nayo ni moja kwa watu wote. Majina hutoka kwa wanadamu, nayo hubeba dini zao, mazao yao, safari zao na hata makosa yao. Atakaye kujua kalenda huishi vipi katika lugha hana budi kuzitazama sehemu zote mbili pamoja, na mfano mmoja wa kubuni waweza kumsaidia kuliko mifano mingi ya kweli, kwa sababu katika huo kila kitu kimewekwa kwa makusudi.

Mtungaji na kitabu chake

Mfano huo ni kalenda ya nchi ya Shire katika kitabu kiitwacho The Lord of the Rings. Mtungaji wake, J.R.R. Tolkien, alizaliwa Bloemfontein, Afrika ya Kusini, tarehe 3 Januari 1892, akalelewa Uingereza. Tangu mwaka 1925 alikuwa profesa katika Chuo Kikuu cha Oxford, kwanza wa Kiingereza cha kale, kisha, tangu 1945 mpaka 1959, wa lugha na fasihi ya Kiingereza. Kitabu chenyewe kilitolewa katika juzuu tatu, mwaka 1954 na 1955, na mwishoni mwa juzuu ya tatu mna nyongeza kadha wa kadha, mojawapo ikiwa ni ya kalenda.

Nyongeza hiyo haikuwekwa kuwa pambo tu. Hadithi yenyewe ina makundi ya wasafiri waliotengana, kila kundi likienda njia yake, na wote hutazama mwezi ule ule mbinguni. Mwaka 1944, alipokuwa katikati ya kuandika, Tolkien alimweleza mwanawe Christopher kwa barua kwamba mwezi wa hadithi yake ulikuwa ukitenda mambo yasiyowezekana, na kwamba ilimlazimu kurudi nyuma na kuzirekebisha sura alizokwisha kuziandika. Hii ndiyo maana ya kwanza ya kalenda kwa mtungaji: ni mizani ya kupimia ukweli wa masimulizi. Msomaji hahesabu siku moja moja, lakini hadithi ambayo siku zake hazilingani humsumbua bila ya yeye kujua sababu.

Muundo wa mwaka

Wakazi wa Shire huitwa Wahobiti, watu wafupi, wakulima, wapendao chakula na amani. Mwaka wao una miezi 12, na kila mwezi una siku 30 kamili. Hizo ni siku 360. Siku tano zilizosalia hazimo katika mwezi wowote. Mbili kati yake, ziitwazo Yule, ni siku ya mwisho ya mwaka na siku ya kwanza ya mwaka unaofuata, nazo hukaa pamoja katikati ya majira ya baridi. Tatu, yaani Lithe mbili na Siku ya Kati ya Mwaka iliyo baina yao, hukaa katikati ya majira ya joto, baada ya mwezi wa sita na kabla ya mwezi wa saba. Katika mwaka mrefu, ambao huja kila baada ya miaka minne isipokuwa mwaka wa mwisho wa karne, siku moja huongezwa baada ya Siku ya Kati ya Mwaka, nayo huitwa Overlithe. Siku hizi zote ni za sikukuu na karamu.

Msomaji wa pwani ya Afrika ya Mashariki hatauona muundo huu kuwa mgeni. Miezi 12 ya siku 30 pamoja na siku tano za ziada ndiyo iliyokuwa hesabu ya Misri ya kale na ya Uajemi, na Uhabeshi ingali yaitumia mpaka leo, ikiziweka siku tano au sita za ziada katika mwezi mfupi wa kumi na tatu. Kutoka Uajemi hesabu ya jua ya siku 365 ilifika pwani pamoja na jina lake la Nairuzi, yaani siku mpya. Waswahili hawakuigawa kwa miezi, bali kwa makumi: kila siku kumi ni mwongo mmoja, na miongo 36 ni siku 360, kisha zasalia siku tano. Kwa miongo hiyo mkulima alijua wakati wa kupanda na nahodha alijua wakati wa kutweka tanga, kwa kuwa miezi ya mwandamo haifuati majira ya mvua wala ya pepo. Mpaka leo watu wa Makunduchi, Unguja, huadhimisha Mwaka Kogwa katika mwezi wa Julai, wakapigana kwa mapande ya migomba ili ugomvi wa mwaka uliopita uishe pamoja na mwaka wenyewe.

Hapa yapasa kuangalia tofauti moja. Hesabu ya Nairuzi haina siku ya kuongeza, na kwa hiyo kila baada ya miaka minne hurudi nyuma siku moja ikilinganishwa na jua. Wahobiti wameongeza siku yao na kuzuia kosa hilo. Tolkien hakuwapa watu wake kalenda isiyo na kasoro ili waonekane wenye hekima. Aliwapa kalenda ya wakulima wapendao utaratibu, na kasoro yake aliiweka mahali pengine, kama itakavyoonekana.

Juma

Juma la Shire lina siku saba, na siku yake ya kwanza ni ile ambayo kwa Kiingereza huitwa Saturday. Siku ya saba, iliyo kubwa kuliko zote, ni Friday. Wafasiri wa lugha za Ulaya hawana budi kumweleza msomaji wao jambo hili, kwa kuwa wao huanza juma Jumapili au Jumatatu. Mfasiri wa Kiswahili hana la kueleza. Kiswahili huhesabu vivyo hivyo: Jumamosi ni siku ya kwanza, ndiyo maana ikaitwa mosi, Ijumaa ni siku ya mwisho na siku ya heshima. Mhobiti na Mswahili wangeweza kuafikiana siku ya kukutana bila kosa.

Lakini majina yenyewe ni mambo mengine. Katika masimulizi ya Tolkien juma la kwanza lilikuwa la Waelfu, watu wa kale wasiokufa, waliopenda kuhesabu kwa sita na kwa kumi na mbili. Juma lao lilikuwa na siku sita, zilizoitwa kwa nyota, jua, mwezi, miti miwili mitakatifu, mbingu, na wenye enzi. Baadaye wanadamu wa kisiwa cha Númenor waliipokea hesabu hiyo, na kwa kuwa walikuwa mabaharia mashuhuri waliongeza siku ya bahari baada ya siku ya mbingu. Siku ya miti miwili nao waliifanya ya mti mmoja, kwa kuwa mti mmoja tu ndio waliouhusudu. Kutoka kwao juma la siku saba lilienea mpaka kwa Wahobiti, ambao walitafsiri majina hayo katika lugha yao, wakayafupisha kwa kuyasema kila siku, na mwisho wakasahau maana yake. Siku ya nyota ikawa Sterday, siku ya mbingu ikawa Hevensday, siku ya bahari ikawa Mersday, na siku ya wenye enzi ikawa Highday.

Hivyo ndivyo lugha zifanyavyo kwa kweli. Mfano ulio karibu ni Alhamisi. Neno hilo kwa Kiarabu maana yake ni ya tano, kwa kuwa Waarabu huanza hesabu yao Jumapili. Waswahili walianza hesabu yao Jumamosi na siku yao ya tano ikawa Jumatano, lakini jina la Alhamisi walilipokea kama lilivyo. Kwa hiyo juma la Kiswahili lina siku mbili za tano zifuatanazo, moja kwa Kibantu na moja kwa Kiarabu, na hakuna msemaji akwazwaye na jambo hilo. Wazungu nao wanalo la namna hiyo: majina ya miezi yao minne ya mwisho yana maana ya saba, nane, tisa na kumi kwa Kilatini, masalio ya wakati ambapo mwaka wa Roma ulianza Machi. Jina la siku likishakaa katika ndimi za watu huacha kuwa maelezo, likawa alama tu. Kosa lililomo ndani yake halisahihishwi, kwa sababu hakuna alionaye.

Tolkien alilijua hilo kwa kazi yake ya ualimu, na hapo ndipo ubunifu wake ulipo. Hakubuni majina mazuri yenye maana wazi. Alibuni majina mazuri, kisha akayachakaza.

Majina ya miezi

Kwa miezi Tolkien hakubuni hata majina. Aliyatoa katika Kiingereza cha kale. Mtawa Bede, katika kitabu chake cha hesabu ya nyakati alichokiandika mwaka 725, aliorodhesha majina ya miezi waliyoyatumia Waingereza kabla ya kupokea majina ya Kirumi, akaeleza na maana za baadhi yake. Mwezi mmoja uliitwa Thrimilchi kwa kuwa katika huo ng'ombe walikamwa mara tatu kwa siku. Mwingine ulikuwa mwezi wa magugu. Mwingine, wa kuchinja wanyama wa kafara. Miezi miwili ya katikati ya mwaka iliitwa Litha, na katika mwaka uliohitaji kulinganishwa na jua Litha ya tatu iliongezwa.

Majina hayo yalikufa katika Uingereza ya kweli. Tolkien aliuliza: kama yasingalikufa, leo yangalisemwaje? Akayapitisha katika mabadiliko ya sauti ambayo maneno mengine ya Kiingereza yaliyapitia. Neno la kale la mwezi, monath, likafupika mwishoni mwa majina na kuwa math. Thrimilchi ikawa Thrimidge. Mwezi wa magugu ukawa Wedmath. Litha ya tatu, ambayo zamani ilikuwa mwezi mzima, ikawa siku moja ya Overlithe. Kalenda ya Shire, basi, ni jaribio la kitaalamu juu ya historia ya lugha lililovikwa nguo za hadithi.

Mabadiliko hayo yalileta na mzaha. Mwezi wa kumi, Winterfilleth, ukawa Winterfilth, na msemaji wa Kiingereza husikia ndani yake neno lenye maana ya uchafu. Watu wa mji jirani wa Bree, ambao huuita mwezi huo Wintring, waliwacheka watu wa Shire kwa hilo. Watu wa Shire walijibu kwamba jina lao ndilo la kale, na kwamba maana yake ni kujaa, yaani kutimia kwa mwaka kabla ya baridi, tangu zama ambazo mwaka ulianza baada ya mavuno. Kila upande una hoja. Ugomvi mdogo wa namna hii, wa mji na mji juu ya jina la mwezi, huifanya nchi ya kubuni iaminike kuliko maelezo marefu ya nasaba za wafalme.

Siku zisizo na jina

Jambo kubwa kuliko yote katika kalenda hii ni lile ambalo Wahobiti waliliita marekebisho ya Shire. Siku 365 ni majuma 52 na siku moja. Kwa hiyo tarehe ile ile huangukia siku nyingine ya juma kila mwaka. Wahobiti waliona huo ni ukorofi. Wakaamua kwamba Siku ya Kati ya Mwaka, pamoja na Overlithe, isiwe na jina la juma kabisa. Zikabaki siku 364, ambazo ni majuma 52 barabara. Tangu hapo kila mwaka ulianza Jumamosi na kwisha Ijumaa, na kila tarehe ikawa na siku yake ya kudumu, hata watu wakaacha kuitaja siku ya juma katika barua zao.

Msomaji aweza kuthibitisha mwenyewe. Siku ya kwanza ya mwaka ni Jumamosi, na mwezi wa kwanza huanza kesho yake, Jumapili. Kwa kuwa siku 30 ni majuma manne na siku mbili, mwezi wa pili huanza Jumanne, wa tatu Alhamisi, wa nne Jumamosi, wa tano Jumatatu, na wa sita Jumatano. Baada ya mwezi wa sita huja Lithe ya kwanza, siku ya Ijumaa. Kisha siku isiyo na jina. Kisha Lithe ya pili, Jumamosi. Mwezi wa saba huanza Jumapili, na mzunguko hurudia vile vile. Hakuna mwezi uanzao Ijumaa. Kwa hiyo Wahobiti wakitaka kutaja siku ambayo haitafika kamwe, husema Ijumaa ya tarehe mosi, na mzaha ukikamilishwa hutajwa na mwezi usiokuwapo, Summerfilth.

Hapa mfasiri wa Kiswahili apata bahati ya pili. Waswahili huhesabu miezi ya mwandamo tangu kufungua saumu: Mfunguo mosi, Mfunguo pili, na kuendelea mpaka Mfunguo tisa, kisha hufuata Rajabu, Shaabani na Ramadhani. Hakuna Mfunguo kumi. Basi Ijumaa mosi ya Mfunguo kumi ni siku iliyo mbali kama ile ya Wahobiti, nayo yaeleweka kwa Kiswahili bila maelezo yoyote.

Lakini marekebisho hayo yana gharama, na Tolkien hakuificha. Alisema kwamba yaliwafaa Wahobiti nyumbani kwao, lakini hayakuwafaa sana waliposafiri mbali kupita Bree. Atokaye Shire baada ya siku isiyo na jina hukuta kwamba dunia nzima imeendelea kuhesabu, na Jumamosi yake ni Jumapili ya wenziwe.

Jambo hili si la hadithi tu. Katika miaka ya 1950 Umoja wa Mataifa ulizungumzia pendekezo la kalenda ya ulimwengu, lenye siku moja nje ya juma mwishoni mwa mwaka, na nyingine katikati ya mwaka katika miaka mirefu. Hoja za wafanya biashara zilikuwa zile zile za Wahobiti: wepesi na utaratibu. Waliopinga ni watu wa dini ambao ibada yao hufuata mzunguko wa siku saba usiokatika. Kwao siku isiyo na jina ingaliisukuma Sabato mbali na mahali pake, mwaka baada ya mwaka, na muumini angalilazimika kuchagua baina ya kalenda ya serikali na siku ya Mungu wake. Mwaka 1956 pendekezo likawekwa kando. Kabla ya hapo Ufaransa ilikwisha kujaribu jambo kubwa zaidi. Mwaka 1793 iliweka miezi 12 ya siku 30, ikafuta juma na kuweka makumi mahali pake. Tarehe 1 Januari 1806 kalenda ya zamani ilikuwa imerudi.

Yafaa kulinganisha makumi hayo ya Ufaransa na miongo ya Waswahili. Hesabu ilikuwa moja, lakini mwongo haukuja kulifukuza juma. Mkulima wa pwani alihesabu kwa kumi shambani na kwa saba msikitini. Alikuwa na mwaka wa jua kwa ajili ya pepo na mvua, na mwaka wa mwezi kwa ajili ya saumu na maulidi. Hakuona haja ya kuzipatanisha hesabu zake, kwa kuwa kila moja ilikuwa na kazi yake.

Faida kwa Kiswahili

Mfasiri apewaye kitabu kama hiki ana njia mbili zilizo wazi, na zote zina hatari. Akiandika Jumatano mahali pa Hevensday, ameweka namba palipokuwa na mbingu. Akiandika Siku ya Mbingu, amemrudishia Mhobiti maana ambayo Mhobiti mwenyewe alikwisha kuisahau. Njia iliyo bora ni kufuata desturi ya mtungaji, ambaye katika masimulizi alitumia majina ya kawaida ya wasomaji wake na kuyaweka ya Shire katika nyongeza. Jina lililochakaa hulipwa kwa jina lililochakaa.

Hatari nyingine imo katika neno mwezi lenyewe. Kiswahili hakitenganishi mwezi wa mbinguni na mwezi wa kalenda, hali miezi ya Shire haifuati mwandamo hata kidogo. Katika kitabu ambacho mtungaji wake alitaabika kuuweka mwezi wa mbinguni mahali pake, mfasiri asiyeangalia aweza kuivuruga kazi hiyo kwa neno moja.

Faida iliyo kubwa zaidi ni ya watungaji wa Kiswahili wenyewe. Tolkien alilazimika kuchimbua katika kitabu cha karne ya nane ili apate majina ya miezi ambayo watu wake walikuwa wamekwisha kuyapoteza. Mfunguo mosi bado wasemwa. Nairuzi bado yaadhimishwa. Lakini wanaoweza kuhesabu miongo 36 kwa kichwa si wengi kama zamani, na shuleni mtoto hufundishwa Januari mpaka Desemba tu. Maneno ya hesabu ya siku hayafi kwa kukatazwa. Hufa pale ambapo hakuna tena anayehitaji kupanga kazi kwa hayo. Kwa hiyo yapasa yaandikwe sasa, pamoja na hesabu zao na mizaha yao, wakati wazee wayajuao wangali wapo wa kuulizwa.